Siku ya Bana Mwansa Isiyo na Sababu

Kwenye depo ya Mama Florentine, pale Nchelenge, mashangazi walikufa kwa wingi. Walikufa hasa mwezi wa Julai, wakati wa sherehe za Mwansabombwe, na wengine walisubiri hadi Jumatatu baada ya mishahara ndipo wakate roho. Bibi yake mbeba magunia Webby alizikwa mara kadhaa, na mara ya mwisho alitokea depo mwenyewe, akitembea kwa fimbo, akiuliza kama angeweza kukopeshwa samaki. Mama Florentine alimtazama bibi, akamtazama Webby, kisha akaagiza marehemu apewe bakuli la chisense bure.

Msinielewe vibaya. Mama Florentine hakuwa mtu mbaya. Alivuka ziwa akitokea Kilwa ya Kongo enzi hizo akiwa na magunia mawili na sauti moja kubwa, na kwa mali hizo mbili alijenga biashara ya kukausha chisense, vile visamaki vidogo ambavyo watu wa Luapula wanaweza kula asubuhi, mchana na usiku wasilalamike. Mfanyakazi akiugua, alilipa hospitali. Mtoto wa mtu akizaliwa, alituma sabuni na kitenge. Lakini alikuwa na kanuni moja. Ukitaka siku ya kupumzika, uje na sababu, uiseme mbele ya wote, na iwe sababu nzito. Homa haikuwa nzito. Jino halikuwa zito. Harusi ya mdogo wako ilikuwa nzito kidogo, kama wewe mwenyewe ndiye bibi harusi. Kifo tu ndicho kilichopita moja kwa moja bila maswali.

Ubaya ni kwamba kifo nacho kilikuwa na gharama zake. Desturi ya depo ilikuwa kwamba mwenzao akifiwa, wote wanakwenda matangani, na mfuko wa unga, na kuni, na nyimbo. Kwa hiyo aliyedanganya alikuwa na kazi ya kutafuta msiba wa kuwaonyesha. Webby aliwahi kuwapeleka wenzake kwenye matanga ya watu asiowajua huko Kabuta, akalia kuliko wenye msiba, mpaka wenye msiba wakaanza kunong'onezana kuhusu uhusiano wake na marehemu.

Ennie hakuwahi kuua shangazi hata mmoja. Huyu ndiye tunayemzungumzia. Depo nzima ilimwita Bana Mwansa, yaani mama yake Mwansa, kwa heshima ya umri wake na ya binti yake aliyeolewa Mansa. Alizaliwa Kabuta kwenye ukoo wa wavuvi, akajifunza kugeuza chisense mchangani kabla hajajifunza kufunga kitenge vizuri. Akaolewa na mtu mwenye meno mazuri ambaye alikwenda Copperbelt kutafuta kazi, akaipata, akasahau njia ya kurudi. Ennie alimlia msimu mmoja, akamtukana msimu wa pili, halafu akaenda kuomba kazi kwa Mama Florentine.

Sasa alikuwa mkuu wa uanikaji. Neti za kuanikia zilitandazwa juu ya vichanja ufukweni, na hakuna aliyeruhusiwa kugusa hata kisamaki kimoja kabla Bana Mwansa hajakiangalia. Alifika jua halijatoka, aliondoka magunia yakiwa yamefungwa na giza limeingia. Jumapili alikuwa kanisani kutwa, maana kwaya ya kina mama bila sauti yake ilipotea njia katikati ya wimbo.

Na ana nyumba, jamani. Ameijenga mwenyewe kwa miaka mingi, leo tofali, kesho bati, kwenye kilima kidogo juu ya barabara. Ina dirisha la kioo lililosafiri kutoka Mansa juu ya basi dogo likiwa limefungwa kwenye godoro. Ina baraza linalotazama ziwa, na barazani viti viwili vya mbao vyenye mito ya maua. Lakini nyumba hiyo Ennie aliijua kwa tochi. Aliijua kwa kupapasa. Hakuwahi kuketi barazani siku ya kazi, saa za asubuhi, kikombe mkononi, akaona kivuli kinavyokaa na ziwa linavyokaa. Kila alipofunga mlango alfajiri, alihisi wivu mdogo, kwamba anaiachia nyumba starehe ambayo nyumba haina haja nayo.

Hata samaki walikuwa na afadhali. Kuanzia Desemba hadi mwisho wa Februari serikali inafunga uvuvi ili samaki wazae kwa amani, na ole wake atakayeonekana na wavu. Likizo ya miezi mitatu, yenye ulinzi wa askari! Wakati huohuo Ennie alikuwa depo akishona magunia yaliyotoboka na kupepeta akiba ya zamani. Aliwahi kumwambia Rodwell, msimamizi wao, kwamba akifa angependa arudi duniani kama makobo, samaki mnene asiye na msimamizi.

Basi siku moja, wakigeuza samaki, redio ya kwenye simu ya Febby, mmoja wa mabinti wa uanikaji, ilikuwa ikiongea peke yake juu ya kichanja. Afisa wa kazi alikuwa anaeleza haki za wafanyakazi kwa sauti ya mtu aliyeshiba. Likizo ya mwaka, likizo ya uzazi, likizo ya msiba. Wanawake waliendelea kugeuza. Kisha akasema kwamba mfanyakazi mwanamke ana haki ya siku moja kila mwezi, ile watu wanayoiita siku ya mama, na kwamba halazimiki kuleta cheti cha daktari wala kutoa sababu.

Ennie aliacha kugeuza. "Alisema nini pale mwisho?"

"Wala kutoa sababu," Febby alisema, akacheka. "Lakini Bana Mwansa, hiyo ni yetu sisi vijana. Kwa ajili ya zile siku zetu. Ninyi mlishamaliza."

Ennie aligeuza kisamaki kilekile mara mbili. Maneno yale matatu yalikuwa yamemwingia. Wala kutoa sababu. Alikuwa hajui kama kuna kitu duniani ambacho mtu anaweza kupewa hivihivi tu, na tena na serikali. Jioni ile, akipanda kilima na tochi yake, aliamua. Angechukua siku moja, akae nyumbani kwake, barazani kwake, asifanye kitu.

Asubuhi alimwendea Rodwell, kapita wa depo, mtu mwembamba aliyeishi kwa hofu. Rodwell alimwogopa Mama Florentine, aliogopa mvua, na aliogopa wafanyakazi aliowasimamia. Mbele ya kapita wote walizungumza Kiswahili cha ng'ambo ya ziwa, cha Kongo, kwa ajili ya bosi, hata Wabemba kwa Wabemba.

"Ba Rodwell, nitachukua siku moja. Jumatano hii inayokuya."

Rodwell alivua kofia papo hapo. "Pole sana, Bana Mwansa. Nani alikufa?"

"Hakuna mutu alikufa."

"Uko mugonjwa?"

"Niko muzima."

"Basi sababu njo nini?"

"Sababu hakuna. Njo siku ya mama. Sheria inasema hatutoe sababu."

Rodwell aliirudisha kofia kichwani, akaivua tena. Wanaume wa pwani ile hawaulizi habari za miezi ya wanawake, na kama Ennie angekuwa binti, jambo lingeishia hapo, kapita angetazama pembeni na kusema nenda, nenda. Lakini mbele yake alisimama mwanamke mwenye mvi, na Rodwell hakujua atazame wapi.

"Miye nitaambia mama nini?" alilalamika. "Unipe ata ka sababu kadogo."

Habari zilizunguka depo kabla jua halijapanda. Na hapo ndipo utakapowapenda watu wale, maana kila mmoja alikuja kumsaidia. Febby alimpa jino lake, lile la nyuma lililomsumbua kweli. Rodwell alimwazima mjomba wa Mwansabombwe ambaye hakuna aliyemjua. Webby alikuja kwa heshima zote, akasema, "Bana Mwansa, mukamate bibi yangu. Yeye amezoea."

Ennie aliwakatalia wote. Kwanza, alikuwa mtu wa kanisa na uongo ulimpa kiungulia. Pili, alijua vizuri kuliko wao kwamba siku yenye sababu si siku yako tena. Ukisema jino, utatumiwa dawa za mizizi na watu wa kukushika mdomo. Ukisema mjomba, depo nzima inapanda kilima na unga wake, na wewe unashinda jikoni ukiwapikia. Yeye alitaka siku tupu. Wenzake walimsikiliza, wakatikisa vichwa, wakarudi kazini wakiwa na wasiwasi kuliko mwanzo.

Mwishowe aliitwa kwa Mama Florentine, aliyekuwa ameketi kwenye kiti chake kipana nyuma ya mizani, kanga mbili mabegani, simu tatu mapajani. Ilunga, mpwa wake, mwenye kazi ya kupokea simu hizo, alifukuzwa nje kwa kidole.

"Ikala, Mama Ennie." Alimwonyesha kigoda. "Kingsley anakulipa ngapi?"

Kingsley alikuwa mwenye depo ya jirani, na mpinzani wake wa damu.

"Kingsley? Hapana, mama. Siendi kwa Kingsley."

"Basi unaolewa."

"Na nani, mama?"

"Njo kitu minauliza!" Mama Florentine aliegemea nyuma, na sauti ikashuka, na Ennie aliona kwamba kweli ameumia. "Miaka yote hii. Mutoto wako alipoolewa, nani alipika? Miye. Leo unaniambia unaenda, na huniambii sababu. Mutu hawezi kutoka tu hivi. Kuko kitu unanificha."

"Hakuna kitu, mama. Ninataka kuikala ku nyumba."

"Kufanya nini?"

"Kuikala."

Mama Florentine alilitafuta kosa katika jibu hilo na hakuliona. "Na hii konji, hii likizo ya bamama," alisema, akichagua maneno, "haiko ya babinti? Weye na miye tulishapita pale."

"Redio haikusema miaka. Ilisema mwanamuke. Mimi bado niko mwanamuke."

Hapo Mama Florentine alicheka, bila kupenda, cheko lililotikisa mizani. Kisha akafikiri. Aliishi katika nchi ya watu na vibali vyake vyote vilikuwa safi, na alipenda vibaki safi. "Bon. Sheria ya inchi ya benyewe, miye mugeni sitapigana nayo. Enda. Lakini ujue, ulinifanya vibaya."

Ennie alitoka na ruhusa yake, na moyo ukamuuma kidogo. Angejibu nini? Kwamba anampenda, lakini anapenda pia kivuli cha baraza lake? Mtu hasemi maneno kama hayo kwa bosi.

Jumatano aliamka gizani kama kawaida, akajicheka, akarudi kulala kwa makusudi. Alipoamka tena, jua lilikuwa limeingia kwa dirisha la Mansa na kulala sakafuni, pana, la manjano. Ennie alikaa kitandani akilitazama. Akaoga polepole. Akachemsha chai, akaweka sukari bila huruma, akabeba kikombe, akafungua mlango wa mbele.

Barazani, kwenye kiti cha kushoto, miguu juu ya kiti cha kulia, alikuwa ameketi mzee Fanwell.

Mzee Fanwell alikuwa jirani, tarishi mstaafu wa halmashauri, anayeishi na mkwe mwenye watoto wengi na kelele. Alikuwa na redio yake, kikombe chake, na kitambaa chake kilichotundikwa kwenye msumari ambao Ennie hakuwahi kuuona mchana. Mto wa kiti ulikuwa umebonyea kwa umbo lake hasa. Alimtazama Ennie kama mtu aliyeingiliwa nyumbani.

"Mayo," alisema, yaani mama kwa Kibemba, "leo hamkwenda kazini? Nani amekufa?"

"Hakuna. Na ninyi, Ba Fanwell, mnafanya nini hapa?"

"Mimi? Mimi nipo hapa kila siku. Baraza hili lina kivuli kizuri sana mpaka adhuhuri, hamjui?" Alianza kumweleza. Mitumbwi hutoka upande gani, upepo hubadilika saa ngapi, ndege gani huja juu ya bati. "Serikali ilinipa likizo ya kudumu na pensheni ya kila mwezi. Mahali pa kuilia ndipo sikuwa napo. Mungu awabariki kwa kujenga."

Ennie alisikia wivu ukimpanda. Yeye alibeba yale matofali. Huyu ndiye aliyeyafaidi, na hata hakuficha. Lakini kumfukuza mzee barazani ni jambo lisilofanyika, basi alishusha miguu ya mzee kutoka kiti cha kulia, akaketi, akanywa chai. Mzee aliongea. Aliongea habari za halmashauri, za baiskeli aliyopewa na serikali, za mkubwa mmoja aliyepoteza ufunguo wa ofisi ndani ya ofisi. Kisha, Mungu ni mwema, akalala katikati ya sentensi. Nzi wakaanza kumzengea, na Ennie akamfunika kitenge, kuanzia miguuni mpaka juu ya kichwa.

Kimya. Ziwa lilikuwa jeupe, limetulia. Ennie aliegemeza kichwa ukutani, akafumba macho, akaanza siku yake.

Ndipo aliposikia nyimbo.

Zilikuwa zinapanda kilima, nyimbo za matanga, na sauti ya kwanza aliijua, ilikuwa ya Febby. Depo nzima ilikuja. Hawakuweza kuvumilia, masikini. Walikaa juu ya mchanga toka alfajiri wakijiuliza ni msiba gani huo mzito hata Bana Mwansa ameshindwa kuutamka, na kadiri walivyojiuliza ndivyo ulivyokua, mpaka Mama Florentine mwenyewe akafunga depo. Rodwell alibeba unga. Webby alibeba kuni. Nyuma yao alipanda Mama Florentine, akihema, amevaa kitenge cheusi cha misiba mikubwa. Wakafika uani. Wakamwona Ennie ameegemea ukuta, macho mekundu ya usingizi, na pembeni yake mtu amelazwa kitini, amefunikwa gubigubi.

"Mayo we!" Febby alipiga yowe, na wote wakapokea. Mama Florentine alianguka magotini. "Mama Ennie! Njo hii ulikuwa unanificha! Ulikuwa na bwana!"

Bwana akaketi. Akatoa kichwa kwenye kitenge, akawatazama wote, akauliza kwa adabu, "Nani amekufa?"

Webby, aliyezoea marehemu wa uongo, hakuwa amejiandaa kwa huyu. Aliangusha kuni, akaruka ua, na baadaye ilisemekana alionekana karibu na kituo cha mabasi. Rodwell alikumbatia unga wake. Wengine walikimbia hatua chache, wakageuka, na kicheko kikaanza mahali fulani nyuma na kuenea mpaka kikamfikia Mama Florentine pale chini, naye akacheka huku akilia huku akitaka mkono wa kumwinua.

Ennie pia alicheka. Alicheka mpaka akashika mbavu. Lakini alipoacha kucheka, aliona Febby akipanga mafiga. Mtu alikuwa ameingia jikoni kutafuta sufuria. Rodwell alikuwa akifungua mfuko wa unga, maana kama unga umekuja, lazima upikwe. Mama Florentine alikuwa ameshaketi kwenye kiti cha kulia, akijipepea. "Mama Ennie, maji ya kunywa kuko? Na chumvi?"

Miguu ya Ennie ilianza yenyewe kuelekea jikoni. Miguu ile ilishazoea. Katikati ya ua ikasimama.

Aliwatazama. Aliwapenda, mmoja mmoja, hata Rodwell. Na alikuwa na hasira ambayo hakuwahi kuwa nayo, hasira tulivu. Kivuli cha baraza kilikuwa kimeanza kupungua.

"Muende," alisema.

Hawakusikia, au walidhani hawakusikia vizuri. Hakuna mtu wa Nchelenge anayewaambia hivyo wageni waliokuja na unga.

"Ninaomba muende. Bote. Mubebe na unga."

Febby aliachia jiwe. Mzee Fanwell alijishika kifuani. "Hata mimi, mayo?"

"Hata ninyi, Ba Fanwell. Kesho mrudi. Leo hapana."

Mama Florentine aliinuka polepole, akajifunga kitenge chake sawasawa. Alikuja mpaka karibu kabisa, na sauti yake kubwa ikawa ndogo. "Tulikosa nini?"

"Hamukukosa kitu, mama."

"Basi sababu njo nini? Miye peke yangu, uniambie."

Ennie alifungua mdomo. Zilikuwa nyingi, zote zilikuwa pale kwenye ulimi, miaka yote ya tochi, na angezisema vizuri, na yule mama angeelewa, angelia, angemkumbatia, na wangeketi wote wawili barazani wakizizungumza mpaka jua lizame.

"Hakuna, mama," alisema.

Mama Florentine akageuka, akapiga makofi mara moja, kama anavyowapigia wapakuzi wa mitumbwi. "Allez! Batu bote, chini!" Wakashuka kilima na unga wao na kuni zao, kimyakimya, wakigeuka nyuma kila hatua chache. Mzee Fanwell alikwenda wa mwisho, redio kwapani.

Ennie alingoja mpaka barabara ikawa tupu. Akapanda barazani, akavuta kiti mpaka pale kivuli kilipobaki, akaketi. Chai ilikuwa imepoa, akainywa hivyohivyo. Kwa mbali mtumbwi mmoja ulikuwa unavuka kwenda Kongo. Machozi yakaanza kumtoka, mengi, yakashuka mpaka shingoni, naye akayaacha yashuke, wala hakuyauliza yanatoka wapi.